Nilikata Ukimya wa Mama Furaha

Benzangu, leo nimejua kama nilimutoa bibi mumoja kwenye filamu, na hata hakuwa ndani!

Munajua kazi yangu hapa kambi ya wakimbizi ya Dzaleka ni montaji. Bantu banapiga video za ndoa, mi nakata, naunganisha, natia muziki.

Basi Mama Furaha alikuja kuangalia video ya ndoa ya binti yake Furaha. Ni ya kumutumia mama yake, bibi ya Furaha, kule Uvira. Tangu vita ifike, simu haipite. Kuna mutu anasafiri kwenda huko leo leo, atabeba flashi. Ananingojea Lumbadzi, muji wa karibu, ananipigia kila saa.

Munajua pia desturi yetu: kila mutu anasimama mbele ya kamera, anasalimia benye balibakia nyumbani.

Siku ya ndoa, mbele ya kamera, Mama Furaha alisema, "Mama, uliamka?" Akanyamaza.
"Magoti ingali inauma?" Akanyamaza tena, sana!

Mi nikafikiri amesahau maneno. Nikakata ukimya wote. Nilijisifu hata.

Leo anaangalia, mara akasimama.

"We mutoto, mbona umekata mama yangu?"
"Mama gani? Haiko ndani ya video!"
"Nilikuwa namupatia nafasi ya kujibu."

Jamani.

Simu ikalia, Lumbadzi tena. Sikushika. Nikarudisha ukimya wote, tukaangalia upya.

"Magoti ingali inauma?"

Mama Furaha akaitikia kwa kichwa, polepole.

Na mi mwenye haraka, nikangojea bibi amalize kujibu.