Matimba Chini ya Duka Langu

Duka langu lilikuwa Nyasubi, mjini Kahama, na nilikuwa nauza vifaa vya uchimbaji: pampu za maji, kamba, nyundo, tindo, kofia ngumu. Wateja walitoka Kharumwa na hata Geita. Asubuhi moja nilifungua nikakuta rafu tupu na shimo katikati ya sakafu. Wezi walikuwa wamepanga fremu ya jirani, wakabandika magazeti kwenye vioo na kutuambia wanatengeneza saluni. Muziki ulipigwa kutwa, na sisi tukawa tunalalamikia muziki. Kumbe wenzetu wanachimba. Walipita chini ya ukuta, wakatokea kwangu, wakabeba mali, wakafukia upande wao na kutokomea.

Polisi walikuja, wakaandika kuwa kuna shimo, wakaondoka. Mimi nikamwita fundi akaziba mdomo wa shimo kwa zege. Nani anaacha shimo wazi Kahama? Likikaa siku mbili tu, utakuta mtu kashateremka kutafuta dhahabu.

Mkaguzi wa bima alipofika alikuta sakafu nzima. Kampuni ikaniandikia kwamba inalipa wizi wa kuingia kwa nguvu tu, ilhali mlango haukuvunjwa, kufuli hazikuguswa, na hicho kishimo walichokiona polisi ningeweza kukitoboa mwenyewe kwa tindo zangu. Yaani nimejiibia.

Hapo ndipo nilipowaka. Mali inauma, lakini neno lile liliniuma zaidi, maana halikubaki kwenye barua. Wifi yangu, dada wa marehemu mume wangu, alilitembeza sokoni kutwa nzima. Kikundi chetu cha akina mama cha kuweka na kukopa kikaniomba nirudishe ufunguo wa sanduku, "kwa muda tu, dada." Niliurudisha, nikaenda nyumbani nikalia kwa hasira. Sikulilia pampu. Nililia kwa sababu watu niliozika nao na kucheza nao ngoma za harusi walikuwa wananitazama mikono. Nikaapa kwamba nitakwenda mahakamani hata kama nitauza kitanda.

Wakili wangu alikuwa binti kutoka Shinyanga, mpole, mwenye sauti ndogo, lakini akishika jambo haachii. Alitaka shimo lifukuliwe. Mwenye nyumba akagoma: fremu ya jirani imeshapata mpangaji mwingine, hataki mtu amvunjie sakafu. Basi binti akaiomba mahakama ihamie dukani ijionee. Wakili wa kampuni alipinga kwa maneno mengi, kwamba huko ni kupoteza muda wa mahakama. Hakimu akamsikiliza mpaka mwisho, kisha akatuambia tukutane Nyasubi.

Siku hiyo mtaa ulifurika. Fundi yule yule aliyeziba ndiye aliyepewa nyundo avunje. Zege lilipotoka, udongo laini ukashuka wenyewe, na chini yake pakaonekana uwazi unaoelekea moja kwa moja ukutani. Wakili wa kampuni alisimama mbali, analinda viatu vyake. Hakimu alivua koti, akapiga magoti, akamulika kwa simu.

"Hizi nguzo ni za nini?" akauliza.

"Matimba!" mtaa mzima ukamjibu, hata muuza maandazi.

Kila aliyewahi kukanyaga machimboni anayajua: ni magogo ya kuzuia udongo usimwangukie mchimbaji. Wezi wetu walikuwa wachimbaji, na mchimbaji hapiti chini ya mzigo wa udongo bila kuweka matimba, hata kama anakwenda kuiba. Walikuwa wameyapanga vizuri mno, mawili wima na moja juu, mpaka ng'ambo ya ukuta. Sasa mtu anayetoboa sakafu yake kutoka juu ili aidanganye bima, matimba ya nini? Wakili wangu aliuliza hivyo hivyo kwa sauti yake ndogo. Mwenzake akasema atajibu kwa maandishi.

Siku ya hukumu akina mama wa kikundi walikuja wote, na wifi yangu akiwamo, wakakaa viti vya nyuma kabisa. Mkataba wa bima uliandikwa kwa Kiingereza, lakini hukumu ilisomwa kwa Kiswahili, na nilimshukuru Mungu kwa hilo. Hakimu alisema kwamba nguvu haipimwi kwa mlango peke yake, na kwamba aliyepasua njia chini ya ukuta ameingia kwa nguvu. Kampuni ilipe hasara yote pamoja na gharama za kesi. Akaongeza kuwa mdai hakujiibia, aliibiwa.

Wakili wangu alinifinya mkono kwa furaha. Mimi nilikuwa nimeshageuka kutazama nyuma. Feni ilikuwa inapiga kelele, na wifi alikuwa amemwinamia jirani yake, anamuuliza kimesemwa nini. Nikasimama. Binti akanivuta gauni nikae, sikukaa.

"Mheshimiwa," nikasema, "naomba urudie hapo. Wa nyuma hawajasikia."

Hakimu alinitazama juu ya miwani yake, nikadhani sasa ananitoa nje. Akamwambia karani azime feni. Kisha akainua karatasi na kusoma kwa sauti iliyofika mpaka barazani:

"Mdai hakujiibia. Aliibiwa."