Jamvi la Karafuu Ndani ya Kamba

Siku ya kwanza kazini nilipewa saa mbili za mfukoni, pacha kabisa, nikaambiwa nizitie ufunguo kwa pamoja. Moja nikabaki nayo mkononi. Ya pili nikaisukuma kwa ufito mrefu hadi katikati ya uwanja wa kuanikia karafuu, nje kidogo ya Gando. Nilipoivuta baada ya robo saa, ilikuwa nyuma ya mwenzake kwa dakika saba. Bwana Mkuu wa Kituo, mtaalamu aliyetoka ng'ambo, akanitazama usoni.

"Umeogopa?"

"Nimeogopa, Bwana."

"Vizuri. Asiyeogopa hapa simtaki."

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya hamsini. Mwenye shamba ndiye aliyegundua mambo. Karafuu alizoanika kwengine zilikauka kwa siku nne, zikawa za kahawia na kuvunjika ukizibana. Za uwanja ule siku hiyo ya nne zilikuwa bado laini, kama zimeanikwa juzi. Wakaja wataalamu wawili: Bwana Mkuu na saa zake, na Shehe wa Falaki, mtu wa Konde, aliyehesabu nyakati za sala kwa kivuli cha kijiti. Wakabishana juu ya kila kitu isipokuwa hili: ndani ya uwanja wakati ulikwenda polepole kuliko nje. Tofauti hiyo tuliiita kawio. Kawio la mbili maana yake siku moja ndani ni siku mbili nje.

Mie nilikuwa karani wa saa. Nilipokea vyombo bandarini Mkoani, niliandika daftari, na kila wiki nilitandika jamvi la karafuu mbichi uwanjani kwa kutumia miti miwili mirefu. Saa zilisimama kwa unyevu, lakini karafuu hazina mashine ya kuharibika. Kamba ya katani ilizunguka uwanja mzima, na hakuna mguu ulioruhusiwa kuivuka.

Kulikuwa na sharti jingine. Tuliapa kutomwambia mtu, hata wake zetu. Shehe halikumpendeza.

"Watu wa hapa wana mazoea yao, Bwana," alisema. "Waambiwe."

"Kamba inatosha," akajibu Bwana Mkuu.

Nami nikatii. Mke wangu Mize alidhani napima mvua.

Kisha kawio likaanza kukua. Kutoka mbili likafika tano, kutoka tano likafika kumi. Saa niliyoisukuma Jumatatu niliivuta Ijumaa, nayo haijahesabu hata nusu siku. Chakula kilinishinda. Nikamwomba Bwana Mkuu tuweke walinzi, tuwaambie majirani. Akasema tungoje wiki moja, apate hesabu kamili. Nasema kweli, hofu niliyokuwa nayo wiki ile sijaipata tena, na mengi yamenipata.

Adhuhuri moja Mize aliniletea chakula. Mtoto wetu Faki, wa miezi mitano, alimwacha nyumbani kwa bibi yake. Mie nilikuwa ndani ya banda naandika. Wingu likapanda ghafla, zito. Sasa nyie vijana wa Pemba mnajua: mvua ikitishia, karafuu zilizoanikwa huokolewa kwanza, ziwe zako au za jirani, na hakuna anayeuliza ruhusa. Mize aliona jamvi limeachwa wazi. Akatua bakuli, akakaza kanga yake kiunoni, akaruka kamba.

"Baba Faki, karafuu zinarowa!" nilimsikia akiita.

Nilipotoka alikuwa ameinama kushika pembe ya jamvi. Akabaki ameinama.

Nilikimbia. Shehe akanidaka kiunoni kwenye kamba yenyewe. Nilimng'ata mkono hadi damu, asiniachie.

"Ukiingia na weye, Faki hana mama wala baba," alinambia sikioni. "Mke wako yu hai. Mtazame. Yu hai."

Mvua ikanyesha, ikakatika. Juu ya kichwa cha Mize matone yalikuwa yametulia hewani, hayashuki: kawio lilikuwa limeruka ghafla, kupita hesabu zetu zote. Bwana Mkuu alikaa kwenye tope. "Andika saa," akasema, kisha akasema, "Usiandike." Niliandika, kwa sababu sikujua la kufanya na mikono yangu.

Kumvuta kulikatazwa. Wataalamu walihofia kwamba nusu ya mwili ikiwa ndani na nusu nje, damu isingejua ifuate wakati gani. Ilibidi atoke kwa miguu yake, kwa mwendo wake.

Baada ya Mapinduzi Bwana Mkuu alipanda meli akaniachia funguo. Shehe alibaki, akanifundisha hesabu zake mpaka alipofariki. Nikawa Mtunza Kamba, kisha Msimamizi wa Kituo, hadi nilipostaafu. Walikuja wataalamu wengine na mashine zao, na kila mmoja alinambia lile lile, kwamba yu hai. Jamaa walinishauri nioe. Ningeoaje, na mke wangu namwona kila asubuhi, hata jasho halijamkauka?

Vijana mtakaopewa funguo za banda lile, ushauri wangu ni huu: waambieni wenyeji. Siri tuliyoiweka haikumlinda mtu yeyote. Mie niliiweka vizuri kuliko wote, na sijajisamehe.

Sasa Mize amesimama. Jamvi liko kwapani, uso umegeukia bandani, mguu umenyanyuka kuelekea kamba. Kwa hesabu za Shehe, ataivuka mwaka huu au ujao. Miaka yote niliogopa hatatoka. Siku hizi naogopa atatoka. Ni msichana bado, na nguo yake kifuani imerowa maziwa, maana ilikuwa saa ya kumnyonyesha mtoto.

Faki ana mvi kichwa kizima. Ana presha, anatembelea mkongojo. Kila siku tunakaa naye kwenye benchi kando ya kamba, na akikohoa mie naangalia mguu wa mama yake.

Swali la kwanza la Mize nalijua, hakuwa na jingine kila alipomwacha nyumbani: "Faki kalia?" Nimemuusia Faki aninyamazishe mie nikitaka kusema. Ajibu yeye.