Nani Alimla Nani

Kaka yangu alipotuambia amepata mchumba katika familia ya wakulima Wakristo, kijijini, njia ya kwenda Nyangwe, nilifurahi hadi nikashindwa kumaliza ugali. Bibi yetu, mama wa baba, hakufurahi. Sisi ni Waislamu wa Kasongo mjini, na tangu utotoni alitufundisha kwamba wale wa vijijini zamani walikula watu. Alituonya: tukienda kujitambulisha, tusiguse nyama.

Tulikwenda watatu kwa pikipiki: kaka, shangazi na mimi. Tulipokelewa kwa vigelegele, tukawekewa ugali, sombe ya majani ya muhogo na kuku. Mama wa mchumba akatuarifu kwamba kuku amechinjwa na jirani Mwislamu, tusiwe na wasiwasi. Hata hivyo shangazi alikula sombe tu.

Nyanya wa mchumba, kizee mwenye macho makali, alimtazama shangazi muda mrefu. Kisha akamwuliza kwa upole kama mjini tuliambiwa kwamba wao wanakula watu. Nilitamani ardhi inimeze. Shangazi akainamisha kichwa, akakubali.

"Na sisi walituambia ni ninyi munakulaka watu," alisema kizee. "Wazee wenu walipita hapa na bunduki, wakafunga watu kamba, wakawapeleka mutoni. Dada ya nyanya yangu alikuwa kati yao. Hakuna hata mumoja alirudi. Mutu asiporudi, utasema amefanywa nini? Ameliwa."

Nikaelewa kwamba anasema habari za biashara ya watumwa. Miaka yote hiyo, pande mbili zilikuwa zikiogopana kwa hadithi ileile! Shangazi akafuta macho kwa ncha ya mtandio. Kisha akanyoosha mkono, akachukua paja la kuku. Kizee akacheka, na sisi sote tukacheka naye, kaka akapaliwa hadi akapigwa mgongo.

Nilipofika nyumbani sikungoja hata kuvua viatu. Nilimsimulia bibi yote, maneno yakigongana mdomoni. Mwishowe akasema, "Kumbe nao walituogopa." Akaniuliza jina la yule dada aliyechukuliwa. Sikulijua.

Siku ya arusi bibi alitaka aketishwe kando ya yule kizee. Kabla ya salamu kwisha, alimwuliza jina hilo. Kizee akamtajia, na bibi, mbele ya wageni wote, akamwombea marehemu dua.