Kitabu Changu cha Kwanza cha Kijapani Kilikuwa Gari

Hakuna mtu aliyenionya kwamba Kijapani kina aina tatu za herufi. Nilikariri za kwanza kwenye simu, nikiwa kwenye kibanda cha shangazi hapa Lodwar, pale tunapochajia watu simu. Nilipomaliza nilifurahi sana, nikamwambia shangazi sasa najua kusoma. Kesho yake nikagundua kuna za pili, za kuandikia maneno ya kigeni. Za tatu ndizo hazina mwisho kabisa.

Shangazi akasema, "Hao watu hawakutaka kusomwa."

Mimi nilitaka kitu kimoja tu, kifupi, nikielewe mwanzo mpaka mwisho. Nina rafiki Mkongomani anayeishi Kakuma, nikamtumia ujumbe wa sauti nimuulize nianzie wapi. Akanijibu akicheka, "Dada, soma vya batoto kwanza. Miye Kingereza nilijifunzaka na vitabu vya batoto."

Nikatafuta vya watoto. Jamani! Maneno yote yameshikana bila nafasi, kama mbuzi kwenye birika la kunyweshea mifugo, hujui wa nani ni yupi. Halafu hadithi zenyewe zimejaa sauti. Kuna sauti ya mvua, sauti ya tumbo lenye njaa, na kuna sauti ya kunyamaza. Eti hata kunyamaza kuna sauti! Nililitazama neno hilo mpaka chai ikapoa.

Baadaye nikapata hadithi za wanaoanza, zenye herufi ndogo juu ya zile kubwa, kama mtoto aliyebebwa mabegani, za kukuonyesha jinsi ya kutamka. Hapo nilisoma ukurasa mzima kwa sauti, vizuri kabisa, bila kujua mtu ni nani na punda ni nani. Shangazi alinipigia makofi. Niliona vibaya kumwambia ukweli.

Ndipo nikaliona gari la mjomba.

Nimekuwa nikiliona kila siku, kweli, maana analiegesha kando ya kibanda chetu akingoja abiria wa Kakuma. Ni gari lililotumika Japani kwanza, kama mengi ya hapa, na hakuna aliyewahi kubandua vibandiko vyake. Kimoja kwenye mlango, kingine juu ya kioo, kingine chini ya usukani karibu na kijitundu chembamba. Maandishi mafupi, bila mvua wala tumbo. Nikamwomba mjomba aniache nisome.

"Soma," akasema. "Lakini na wewe unisaidie kitu. Unamjua yule mama yangu?"

Kila mtu stendi anamjua yule mama. Mjomba akiwasha gari, sauti ya mwanamke inasema maneno ya Kijapani, polepole, kwa adabu. Mjomba haondoki kabla yule mama hajamaliza. Anainamisha kichwa, na mama akinyamaza, mjomba anasema "Amina," na abiria nyuma wanaitikia "Amina." Hata wageni wanaitikia.

Ilianza siku moja ya mvua. Mjomba alizima gari njiani, akaliwasha tena, akakaa kumsikiliza yule mama kwa sababu alikuwa bado anamshangaa. Katika kukaa huko, laga iliyokuwa mbele yake, ule mto ulio mkavu mwaka mzima, ikashuka na maji mekundu. Gari lililokuwa limempita lilizolewa. Watu walitoka, lakini gari halikutoka. Tangu siku hiyo mjomba, ambaye alikuwa ameanza kuiogopa barabara, anaendesha bila kutetemeka.

"Nataka nijue ananiombea maneno gani," akaniambia. "Nami nimshukuru vizuri."

Nikaanza na kibandiko cha karibu na kijitundu. Herufi tatu, za maneno ya kigeni: *kaado*. Kadi! Nilifurahi nusura nigonge kichwa kwenye usukani. Halafu asubuhi iliyofuata yule mama alipoongea, nikalisikia neno lilelile katikati ya ombi lake. Furaha ikaniisha.

Nikayatafuta maneno mengine moja moja kwenye simu. Kadi haijaingizwa. Basi. Huko kwao kuna kadi ya kulipia barabara, na yule mama anakumbusha kwamba haimo.

Sikujua la kufanya. Nilikuwa nimepata kitu cha kusoma nikakielewa mwanzo mpaka mwisho, na nilitamani nisingekielewa. Nikisema kweli, je, mjomba ataanza kutetemeka tena? Nikidanganya, nitamtungia sala gani? Nilianza kumkwepa. Lakini utamkwepa vipi mtu anayeegesha mlangoni kwako?

"Ejok, mpwa wangu," akanisalimu kwa Kiturkana asubuhi moja, kina mama wawili wakiwa wameshakaa nyuma na shanga zao. "Bado hujamaliza?"

Nikasema. Nilisema nikiangalia tairi.

Mjomba akakaa kimya. Kweli, kule kunyamaza kulikuwa na sauti.

"Barabara ya kulipia?" akauliza mwishowe. "Hii yetu ingefaa itulipe sisi!"

"Ndiyo, mjomba."

"Kwa hivyo siku ya laga alikuwa ananiambia sina kadi."

"Ndiyo."

"Na mimi nikakaa kumsikiliza."

"Ndiyo."

"Na maji yakapita."

Sikujua kama hilo lilikuwa swali. Mama mmoja nyuma akachoka, akasema, "Si umpe hiyo kadi basi! Miaka yote hiyo anaomba, na wewe unamjibu amina tu. Mchoyo wewe!"

Mwenzake akacheka mpaka shanga zikalia. Mjomba naye akacheka, akatoa kadi ya benki iliyokwisha muda wake, akaisukuma kwenye kijitundu, akawasha gari.

Gari likalia mlio mfupi. Kisha yule mama akasema jambo jipya, refu kidogo, ambalo hatukuwahi kulisikia. Mjomba akainamisha kichwa.

"Amina," akasema.

"Amina," wakaitikia.

Kisha akanigeukia dirishani. "Sasa amesema nini?"

Nilikuwa nimeshika *kaado* tu. Hayo mengine yalinipita yote.

"Sijui, mjomba."

"Haya, soma," akasema, akaondoka kuelekea Kakuma, mikono yake imetulia kwenye usukani.