Kiuno cha Mama Mtandaoni

Binti yangu alikuwa hatulii. Kila wiki vijana wa Indonesia walizua mtindo mpya wa kucheza mtandaoni, na kila wiki lazima aujue: jikoni, bafuni, hata kituo cha basi pale Woolwich, huku ughaibuni tunakoishi, mikono ikienda huku na huku, nami natazama pembeni kama simjui. Kiindonesia hajui hata neno. Kiswahili anakielewa, ila hujibu kwa Kiingereza, kwa hiyo yeye na bibi yake aliye Tanga walikuwa wakipigiana simu ya video na kubaki kutazamana tu.

Siku moja bibi akamwona akicheza. Akacheka mpaka akapaliwa.

"Mikono mingi, kiuno kimelala! Hebu tazama huku."

Mama yangu akavua mtandio, akajifunga kanga nyongani, akamwonyesha. Kwetu kiuno kile huchezwa na wanawake peke yao, mlango umefungwa. Tangu hapo ikawa kila Jumamosi, bibi na mjukuu, vicheko mpaka kwa jirani. Niliwaonea wivu, sisemi uongo.

Nilikuwa kazini kaka yangu aliponipigia kutoka Tanga, anafoka.

"Mama yuko mtandaoni, nywele wazi, anakata kiuno! Nimeulizwa msikitini!"

Binti alikuwa amerekodi simu yao ya video na kuirusha mtandaoni, yeye upande huu wa skrini, bibi upande ule. Huko Indonesia wasichana walishaanza kuiga. Nikapanda basi, nikashindwa kukaa, nikasimama njia nzima nikimpigia binti. Hapokei.

"Mum, it's just a dance!" aliniambia nilipofika. "They love her!"

"Futa! Futa sasa hivi!"

Akafuta, lakini ilikuwa imeshasambaa. Nikampigia mama kabla sijaingiwa na woga. Hakugomba. Aliuliza jambo moja tu.

"Wanaume wameniona?"

Nilitamani kudanganya, nikashindwa. "Wamekuona, mama."

Akasema nimpe mtoto simu. Nilisikia "Yes, Bibi" mbili tatu, sauti ikizidi kufifia. Aliponirudishia simu, ilikuwa imeshakatwa.

"Bibi amesema nini?"

"She's not angry," akajibu, akijifuta macho kwa mkono wa sweta. "Amesema nitafute mwalimu mwingine."