Kanzu Niliyoianika Mpakani

Alhamisi ile jua lilitoka baada ya mvua ya siku tatu, nami nikafua kanzu yangu. Tulikuwa askari karibu na mpaka wa Uganda, lakini mimi mtu wa Bagamoyo, Ijumaa siswali na nguo chafu, vita au si vita. Kamanda alikuwa amekataza kuanika kitu cheupe nje. Nikaitandaza juu ya kichaka, nikijiambia itakauka upesi.

"Kanzu vitani!" Shomari alinicheka. "Unakwenda kuoa?"

Tulikuwa tumekulia mtaa mmoja, tukajiandikisha jeshini siku moja.

Ndege ikasikika.

Tuliruka handakini. Shomari akachungulia, akaiona kanzu. "Itatuuza ile!" Akatoka mbio kwenda kuitoa.

Mkojo ulinitoka. Kanzu ilikuwa yangu, na sikuinua hata kichwa.

Bomu likaanguka.

Niliporudi nyumbani niliwaambia wazazi wake kwamba bomu lilitufuata handakini, na kwamba alifia mikononi mwangu. Uongo ule niliulea mpaka nikapata wajukuu.

Mwezi uliopita vijana kutoka Dar, wanaotengeneza filamu kuhusu ndege za vita vile, walikuja kunihoji. Walimwalika pia Mwanaidi, mdogo wake Shomari, akaketi kando yangu. Kwanza walituonyesha picha za sinema za zamani zilizopigwa kutoka ndani ya ndege. Hazikuwa na sauti, lakini niliinama kama niko handakini.

"Si kule mlikokuwa, babu," kijana alisema. "Ni sehemu nyingine."

Hata hivyo nilimwona mbuzi mmoja mweupe nyikani, wazi kabisa, kutoka juu kule. Miaka yote nilikuwa nikijifariji kwamba rubani hakuiona kanzu.

Kamera ikawashwa. "Shomari alikufaje, babu?"

Niliogopa kama siku ile. Uongo ulikuwa tayari mdomoni, na ningeusema ungebaki kwenye filamu hata nikishazikwa. Nikasema ukweli wote, bila kumtazama Mwanaidi.

Mwanaidi alinigeukia.

"Mama alikufa akikushukuru, kaka Hamisi," alisema. "Kila swala alikuombea dua, kwa kuwa mwanawe hakufa peke yake."

Kijana akauliza kama azime kamera. Nilimwambia aiache, nikamwomba Mwanaidi radhi palepale, naye akainuka akatoka nje. Shomari na mama yake wako udongoni, siwezi kuwaomba.