Jiwe la Kusugulia Miguu

Jamani, mtu mzima mimi nilijiaibisha huko Peru, na hadi leo nikikumbuka naumia. Mjukuu wangu Neema alinitoa hapa Scarborough, Toronto, kunitembeza. Tukachukua ziara ya nusu siku, ile ya bei nafuu, kuona kuta za mawe za Wainka, watu wa kale wa kule. Kiongozi wetu, Efraini, alinishika mkono kila ngazi, akaniita mama, na mkoba wangu akanibebea.

Tulipopumzika akanipa mkoba nichukue maji. Chini ya ukuta nikaona jiwe dogo lenye vitundu, linakwaruza vizuri. Nikasema moyoni, hili ndilo la visigino! Baridi ya Toronto hunipasua miguu, na mawe ya dukani ni laini kama sabuni. Nikalitia mkobani, nikamrudishia Efraini abebe.

Getini mlinzi, Basilio, akaufungua mkoba, akalikuta jiwe.

"Bibi, umefanya nini?" Neema akaninong'oneza. Kispanyola alikisoma shuleni. "Jiwe la ukuta ni mali ya taifa. Wanamnyang'anya Efraini kibali cha kazi, wanasema ameiba!"

Efraini alinitazama tu, hakunitaja. Mimi Kispanyola sina. Nikavua kiatu na soksi mbele ya watalii wote, nikainua kisigino, nikakisugua hewani kwa ngumi, kuonyesha jiwe nililichukua mimi, la visigino.

Basilio alicheka mpaka machozi, akarudisha kibali. Efraini hakucheka. Kushuka nilibeba mkoba mwenyewe, na mama hakuniita tena.